Saa Kumi ya Hatijuri

Wapo waliofika uwaziri kwa shahada, na wapo waliofikishwa na baba zao. Etwa Bhengra, mwana wa shamba la chai la Hatijuri huko Assam ya juu, alifika kwa kupigwa, halafu kwa kupiga. Simsingizii. Mwenyewe alikuwa akilisema jukwaani huku anajipiga kifua, na watu wanashangilia mpaka sauti zinawakauka.

Alizaliwa Jumapili, ndiyo maana akaitwa Etwa. Watu wa laini, zile safu za vibanda vya wafanyakazi, hawakuwa na nafasi ya kutafuta majina marefu. Siku uliyoangukia ndiyo jina lako, basi. Mama yake alichuma chai, bibi yake alichuma chai, kikapu mgongoni, kamba ya kikapu kwenye paji la uso, na mnyapara nyuma na fimbo yake. Siku ya kwanza shuleni, ile shule ya chumba kimoja nyuma ya kiwanda, mwalimu alimuuliza jina la baba. Etwa akajibu kwamba baba amekufa, amekanyagwa na tembo. Mwalimu akasema, "Nimekuuliza jina, sikukuuliza msiba," akamzaba kibao kilichomtupa chini ya dawati. Mtoto akainuka, akataja jina, akakaa. Wenzake kumi na tisa waliikimbia shule mwaka ule kwa sababu ya mwalimu yule. Yeye hakukimbia, kwa ubishi tu.

Akafika darasa la kumi, wa kwanza katika laini zote, akapewa ualimu palepale. Na yeye akachapa, tena sana. Lakini watoto wake walijua kusoma, na wazazi hawakulalamika.

Siku moja mnyapara alimvunja mkono dada yake, Birsmuni, kwa kosa la kuchuma majani magumu. Etwa akaiweka chaki chini, akaenda ofisini kushtaki. Walinzi wa shamba wakamfunga kwenye mlingoti wa bendera, wakampiga kwa zamu kuanzia asubuhi mpaka wachumaji waliporudi na vikapu vya mchana. Kisha wakaitwa polisi, nao wakamchukua yeye! Yeye aliyepigwa, jamani. Alikaa jela miezi mitano. Alipotoka alikuta watu elfu mbili wanamngoja langoni na ngoma, na tangu siku ile hakurudi tena darasani.

Mtu wake wa karibu alikuwa Lodro, mume wa Birsmuni, mrefu, mpenda mzaha, asiyejua kuogopa. Katika uchaguzi wa kwanza aliogombea Etwa, wahuni wa mpinzani waliwafungia njia, wakamvunja Etwa mbavu mbili, na Lodro akapoteza meno manne akimkinga shemeji yake kwa mwili wake. Kesho yake watu wa Hatijuri wakawafuata wahuni wale hukohuko kwao. Walivunja miguu, wakachoma ghala, na mtu mmoja hakutoka ndani ya ghala lile. Etwa hakuuliza ni nani aliyewasha kiberiti. Alishinda kwa kura nyingi, na Lodro, mdomo umevimba, akamwambia, "Shemeji, kiti chako wamekichonga kwa meno yangu. Kikalie vizuri."

Akakikalia. Baada ya miaka kumi na miwili wakampa wizara mbili kwa mpigo, Elimu na Kazi. Mwezi wa pili tu akasikia kwamba meneja wa shamba moja amewapigisha wanawake magoti kwenye mvua. Akaenda na waandishi wa habari, akamkuta meneja barazani anakunywa chai, akamzaba kofi mbele ya kamera. Kofi moja tu. Lo! Jimbo zima lilitikisika. Wanawake walitunga nyimbo, vijana wakamwita Waziri wa Kofi, na kuna watoto waliozaliwa mwaka ule wakaitwa Etwa hata kama walizaliwa Alhamisi.

Lakini mkono uliozoea kupiga hauchagui sana. Mwaka uliofuata walimu wa mkataba walikaa nje ya lango la wizara siku kumi na tisa wakidai ajira. Siku ya ishirini Etwa akawapelekea polisi wenye marungu. Mwalimu mmoja wa kike alipofuka jicho. Waandishi walipomuuliza, waziri akajibu, "Walimu ni wanangu, na mtoto akikosa huchapwa." Hatijuri waliposikia wakacheka, maana aliyepofuka hakuwa wa kwao. Ila Birsmuni hakucheka. Alimwona kaka yake akija kwake wakati wa sikukuu na gari lenye bendera, akapewa chai ya chumvi kama wanywavyo wote wa laini, akaionja, akaiweka kando na kuomba sukari. Birsmuni akamletea sukari.

Basi ikafika Desemba, msimu wa kupogoa, ambapo kila mtu anakwenda shambani na kisu kirefu cha kupogolea, chenye makali ya kukata tawi kwa pigo moja. Mwanamke mmoja, Sugia, mimba ya miezi minane, aliomba ruhusa ya kupumzika. Karani akamwambia arudi akiwa na miezi tisa. Alifia katikati ya michai siku hiyohiyo, kabla ya chakula cha mchana, na mtoto wake tumboni. Wenzake wakambeba kwenye blanketi mpaka kwenye jumba la meneja, Bwana Mehrotra, wakamlaza barazani, mlangoni kabisa, ili bwana mkubwa asiweze kutoka bila kumruka. Halafu wakakaa. Asubuhi yake walikuwa watu mia nne wamelizingira jumba, na Mehrotra ndani na mke wake, vioo vimevunjwa vyote.

Polisi wakaja na bunduki, wakajipanga darajani, kwenye njia pekee ya kuingia shambani. Kamanda wao wa wilaya alikuwa Kakoti, mtu kijana, makini, mwenye kuandika kila kitu kwenye kidaftari. Alikuwa na amri ya kumtoa meneja kwa nguvu. Akampigia simu waziri badala ya kufyatua risasi, na waziri akaja mbio kutoka mji mkuu wa jimbo. Hilo nalisema kwa sababu wengi wanapenda kulisahau.

Etwa alipita katikati ya watu mpaka barazani. Bibi mmoja akamtania, "He! Etwa, umenenepa! Huko mjini wanakupa nini?" Watu wakacheka kidogo, na yeye akacheka, mpaka alipofika kwenye blanketi la Sugia. Pale akavua viatu. Akapanda kwenye kikapu kilichofudikizwa, akazungumza nao kwa Kisadri, lugha ya laini, ambayo alikuwa hajaitumia kwa miezi mingi, na ikamtoka vizuri tu. Aliwaahidi kwamba karani atashtakiwa. Akaahidi kwamba Mehrotra atahamishwa, na kwamba kila mjamzito atapumzika kwa sheria, sheria atakayoiandika yeye mwenyewe.

"Maneno tumeyasikia, shemeji," Lodro akasema kutoka mbele. "Wale wa darajani na bunduki zao je? Hatuwezi kumtoa huyu mtu halafu watugeuzie mitutu."

"Saa kumi wanaondoka. Saa kumi mleteni bwana mkubwa mpaka darajani, mnikabidhi mimi mkononi. Nitakuwa nimesimama pale mwenyewe."

"Saa kumi?"

"Saa kumi kamili. Nimewahi kuwadanganya?"

"Bado," Lodro akasema, na watu wakaangua kicheko.

Sasa nisikilizeni, maana hapa ndipo palipoharibika kila kitu. Mashamba ya chai ya huko yana saa yake. Jua la upande ule huchomoza mapema kuliko kwingine kote nchini, na wakoloni waliisogeza mishale saa nzima mbele ili watu waingie shambani mapema. Wakoloni wameondoka, saa imebaki. Kengele ya kiwanda ikigonga kumi, stesheni, posta na kituo cha polisi bado wako saa tisa. Kwa hiyo kuna saa ya shamba na saa ya serikali, na mtoto wa Hatijuri analijua hilo kabla hajajua kufunga suruali. Akienda mjini anapunguza saa moja, akirudi anaiongeza, wala hafikiri. Sisi tunaoanza kuhesabu saa jua linapochomoza hatuna haja ya kushangaa. Saa ni mazoea ya watu. Lakini Etwa alikuwa na miaka kumi na minne akiishi kwa saa ya serikali. Aliposema saa kumi, alisema kwa lugha ya laini, juu ya kikapu cha laini, na kichwani mwake mlikuwa na saa kumi ya ofisini. Haikumjia hata chembe kwamba kuna nyingine.

Akashuka mpaka darajani, akamwambia Kakoti, "Nipe mpaka saa kumi. Kabla ya hapo hakuna atakayesogea. Saa kumi watamleta kwa amani, na vijana wako warudi ng'ambo ya mto."

Kakoti akatazama saa yake, Etwa akatazama yake, zikalingana. "Saa kumi, mheshimiwa," Kakoti akasema, akaandika.

Waziri akaenda nyumba ya wageni ya serikali, mwendo wa dakika kumi kwa gari. Akaoga, akala wali na samaki. Alikuwa ameshika simu anamwambia waziri mkuu wa jimbo kwamba mambo yamekwisha vizuri, na mkubwa anamsifu, ndipo aliposikia risasi.

Kilichotokea ni hiki. Kengele ya kiwanda iligonga kumi. Watu wakainuka, wakamwambia Mehrotra atoke, na Lodro akamshikia mwavuli, maana bwana mkubwa alikuwa anatetemeka na kulikuwa na manyunyu. Mbele kabisa alitangulia Mansid, kijana wa mjane mmoja aitwaye Pokli, amefunga kitambaa cheupe kwenye fimbo. Nyuma yake watu mia nne, na kila mtu na kisu chake mkononi, kwa sababu kisu ni cha kazi na huwezi kukiacha kwenye bustani ya mtu. Walikuwa wanaimba.

Darajani ilikuwa saa tisa na dakika tano. Polisi thelathini wakaona umati unashuka na visu, umemweka meneja katikati, saa nzima kabla ya ahadi, na waziri hayupo. Kakoti akapiga filimbi, akapaza sauti wasimame. Walisikia filimbi, maneno yakamezwa na wimbo wao, wakadhani anawakaribisha, wakaendelea kuja. Konstebo mmoja, hajulikani nani, akafyatua. Risasi ilimpata Mansid kwenye koo, akakaa chini taratibu na fimbo yake bado mkononi. Halafu wote thelathini wakafyatua.

Wale wa mbele walianguka pale pale. Wa nyuma hawakujua, wakawasukuma wa katikati juu ya maiti. Mwanamke mmoja aliyejaribu kugeuka alipigwa mgongoni. Mwingine alipigwa uso mpaka mume wake akamtambua kwa bangili. Mehrotra aliruka mtoni na suti yake, akaogelea, akapona. Leo nasikia anauza majumba huko Delhi. Na wale waliobaki wima, badala ya kukimbia, wakapandwa na wazimu, wakapanda daraja na visu. Konstebo mmoja alikuwa bado anaweka risasi. Walimkata mikono, halafu shingo, halafu wakaendelea kukata mahali ambapo hapakuwa tena na sababu ya kukata. Yote hayo hayakufika dakika sita.

Etwa alipofika alilazimika kushuka kwenye gari mbali, maana dereva alikataa kukanyaga watu. Alitembea kwenye damu na viatu vyake vya mjini mpaka kwa Kakoti, akamshika kola.

"Nilikwambia saa kumi! Nilikwambia saa kumi, mwuaji wee!"

Kakoti alikuwa mweupe midomoni. Hakujitoa. Aliinua mkono wake tu, akamwonyesha saa. "Tazama mwenyewe, mheshimiwa. Tisa na dakika kumi na nane. Wamekuja kabla. Kwa nini wamekuja kabla?"

Etwa akageuka kuwatazama watu. Birsmuni alikuwa amekaa matopeni, kichwa cha mtu kwenye mapaja yake, na nguo yake imelowa mpaka magotini. Yeye ndiye aliyejibu, wala hakupaza sauti.

"Hatukuja kabla, kaka. Kengele imegonga kumi. Tumekuja kengele ilipogonga kumi."

Hapo akajua. Mkono wake ukaachia kola ya Kakoti.

Watu saba wa Hatijuri walikufa, pamoja na yule konstebo. Polisi wakaingia kwenye laini jioni ile, wakavunja milango, wakawatoa wanaume kwa nywele. Walichukua kumi na mmoja, wa kwanza Lodro, aliyekutwa bado na mwavuli wa Mehrotra. Wakashtakiwa kwa kupanga njama ya kuua polisi, kosa la kunyongwa. Na ushahidi mkubwa wa njama ulikuwa mmoja tu: ahadi ilikuwa saa kumi, na hawa walikuja saa tisa, wamejificha nyuma ya mateka, ili wawavamie askari kabla hawajajiandaa.

Jela walipigwa kila siku. Lodro walimvunja vidole vya mkono wa kushoto kimoja kimoja, wakitaka aseme nani alimkata konstebo. Hakujua. Hata angejua asingesema.

Waziri mkuu wa jimbo alimwita Etwa, akamkalisha kwenye kochi, akamwekea mkono begani. "Ndugu yangu, wewe ulisema kumi. Kumi ni kumi. Nchi hii ina saa moja. Utasimama mahakamani useme uliwaambia wazi saa ya serikali, na mambo yataisha. Uchaguzi uko karibu."

"Na shemeji yangu?"

"Tutamwombea msamaha wa rais baadaye. Baadaye, Etwa."

Wakili wa chama cha wafanyakazi, Phukan, naye alikuja na lake. "Mheshimiwa, wewe sema tu ulimwambia Kakoti saa ya shamba. Uliwaambia wote saa ya shamba, na yeye akakiuka. Shemeji yako anatoka, Kakoti anaingia, na wewe watu watakubeba mabegani mpaka ikulu. Nani atabisha? Neno la waziri dhidi ya polisi aliyeua saba."

Etwa alikwenda jela kumwona Lodro. Walikaa kwenye benchi moja, askari pembeni, na Lodro akajaribu kufanya mzaha kuhusu chakula cha serikali lakini taya halikumruhusu. Kisha akauliza lile alilokuwa ameliweka moyoni.

"Shemeji. Ulisema saa kumi ya wapi?"

Etwa akautazama mkono wake wenye vidole vilivyovunjwa. "Ya kwetu," akasema.

Lodro akashusha pumzi, uso wote ukamlegea. "Nilijua! Niliwaambia hawa wajinga seli nzima. Niliwaambia Etwa hawezi kutuletea saa ya watu wengine." Akacheka kwa upande mmoja wa mdomo. "Basi nitanyongwa vizuri. Nilidhani nimekufa kwa upumbavu."



Siku ya ushahidi mahakama ilijaa mpaka madirishani. Kumi na mmoja walisimama ndani ya kizimba, minyororo miguuni. Kakoti alikaa mstari wa mbele na kidaftari chake. Wajane na wazazi wa wale saba walikuwa nyuma, na Pokli, mama wa Mansid, alikuwa amekaa sakafuni kwa sababu benchi zilijaa. Mwanasheria wa serikali alisimama akitabasamu.

"Mheshimiwa waziri, uliwaambia wafanyakazi wamlete meneja saa ngapi?"

"Saa kumi."

"Na walikuja saa ngapi?"

"Saa kumi," Etwa akasema.

Tabasamu likamkauka mwanasheria. Jaji akainua kichwa. Phukan akaanza kusugua viganja vyake.

"Walikuja saa kumi ya shamba," Etwa akaendelea, "ambayo ndiyo niliyowaambia, kwa jinsi nilivyowaambia. Nilisimama kwao, nikasema kwa lugha yao. Mtu yeyote pale angeelewa vile. Na kamanda Kakoti nilimwambia saa kumi ya serikali, akaelewa vile. Hawa hawakupanga njama. Na yule alingoja kama nilivyomwomba. Hakuna aliyevunja ahadi hapa."

"Sasa wewe ulimaanisha ipi?" Jaji ndiye aliyeuliza.

"Ya serikali."

"Umezaliwa Hatijuri. Umefundisha Hatijuri. Unataka mahakama iamini kwamba hukukumbuka saa ya Hatijuri?"

Etwa alishika ubao wa kizimba cha mashahidi kwa mikono yote miwili. "Nilisahau, mheshimiwa jaji. Watu saba na askari mmoja wamekufa kwa sababu nilisahau. Na hawa kumi na mmoja mnataka kuwanyonga kwa hilohilo."

Lodro alikuwa amegeuza uso ukutani. Kakoti aliandika kitu, akafuta, akafunika uso kwa kidaftari.

Njama ikaanguka. Bila njama, serikali haikuweza kuonyesha ni mkono upi kati ya mia nne uliomkata konstebo, na baada ya wiki sita kumi na mmoja wakaachiwa. Uwaziri haukungoja wiki sita. Walimpokonya gari siku ileile, nje ya mahakama, dereva akamkabidhi mkoba wake huku analia. Chama kikamfukuza. Magazeti yaliyomwita Waziri wa Kofi yakamwita mengine ambayo sitayarudia.

Etwa akaenda kuwapokea wale kumi na mmoja langoni mwa jela, peke yake, kwa miguu. Lodro alipomwona alimjia moja kwa moja na kumpiga kwa mkono ule mzima, ngumi ya mdomo, akamwangusha barabarani. Akampiga teke mara mbili.

"Ulinidanganya kule ndani," Lodro akasema. "Haya ya darajani ningekusamehe. Ulinitazama usoni ukanidanganya."

"Ni kweli, shemeji."

"Usiniite shemeji." Akaenda zake na wenzake. Birsmuni alikuwepo. Alimtazama kaka yake chini pale, kisha akamfuata mume wake.

Mtu mwingine angehama. Walimwambia ahame, kuna shule za misheni mbali huko zingemchukua. Badala yake Etwa akaingia Hatijuri asubuhi, mdomo umevimba, akapita nyumba saba moja baada ya nyingine. Mahakamani alikuwa amemwambia jaji. Hawa alikuwa bado hajawaambia. Alisimama kila mlangoni akasema, "Nilisahau saa ya kwetu. Mtu wako amekufa kwa sababu yangu." Hakuongeza neno. Nyumba ya kwanza walimfungia mlango. Ya pili, mjane alimmwagia chai ya moto kifuani. Ya tatu mzee mmoja alimpa maji, akanywa, halafu mzee huyohuyo akamtemea mate. Ya nne, ya tano na ya sita walimsikiliza tu, na hiyo ilikuwa mbaya kuliko chai.

Ya saba ilikuwa ya Pokli. Alikuwa uani anapasua kuni kwa kisu cha kupogolea, kisu cha Mansid. Mume wake alikufa kwa kipindupindu, mabinti wawili kwa homa, na Mansid ndiye aliyekuwa amebaki. Etwa akasema maneno yake.

Pokli hakuinua kichwa. "Ulisahau nini?"

"Saa ya—"

"Saa! Mimi nina saa gani hapa? Unaona saa kwangu? Nakuuliza, ulisahau nini?"

Etwa akapiga magoti, akaiweka mikono yake juu ya gogo la kuni.

"Niliwasahau nyinyi," akasema.

Kisu kilishuka mara moja. Kilichukua vidole viwili vya mkono wa kulia, cha mwisho na cha pili yake, vikaangukia kwenye vibanzi. Etwa alitoa sauti moja ambayo watu waliisikia mpaka kwenye bomba la maji, lakini hakuuondoa mkono. Pokli alikiinua kisu tena. Kilikaa juu kwa muda. Majirani walikuwa wameshafika kwenye ua, na hakuna aliyejaribu kumzuia.

Halafu akakitupa kisu chini. Akachana upindo wa sari yake kwa meno, akaukamata mkono ule kwa hasira, akaufunga kwa nguvu, akazungusha na kukaza, na damu ikimtiririkia kwenye mikono yake mwenyewe.

"Sijakusamehe," akamwambia. "Usidhani nimekusamehe. Lakini usinifie hapa mlangoni, Etwa. Nimechoka kuzika."

Akamsukuma atoke, akarudi kwenye kuni zake.